Nauli ya kesi niliila mimi

Wasomaji wangu, wiki hii sina umbea wa mtu. Umbea ni wangu mwenyewe, na mkimaliza kucheka nihurumieni kidogo.

Mjomba wangu wa Butiama anamdai mfanyabiashara mmoja wa Bunda pesa za dagaa. Kesi akaifungua kulekule Bunda. Siku chache kabla ya kusikilizwa, anko akaanguka na bodaboda, mguu ukavunjika. Akaniita mimi, mtoto wa mjini, nakaa Nyasho hapa Musoma. "Mpwa wangu, barua ya daktari hii. Ijumaa mpelekee karani, hakimu aahirishe." Akanipa nauli ya kwenda na kurudi, na ya chai juu.

Basi bwana, nauli haikufika hata stendi ya Bweri. Alhamisi jioni kulikuwa na bethdei ya mshikaji Mwisenge. Sato wa kuchoma, bia mbili tatu, na dada mmoja niliyemnunulia soda ambaye hata jina lake la pili silijui. Ijumaa nikaamka saa tano, kichwa kinagonga. Simu ikalia: anko. Nikamwambia nimefikisha.

Kumbe saa tatu mdai ameitwa, kimya. Mdaiwa yupo na wakili wake. Wakili akasimama, akaomba shauri lifutwe, likafutwa.

Mimi nilidhani kesi ikifutwa unafungua nyingine, unaendelea na maisha. Wapi! Wasipofika wote wawili, Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966 inakuruhusu kufungua upya, kama muda wa kudai haujapita. Lakini mdaiwa akiwepo na wewe haupo, madai yaleyale hufungui tena. Unarudi mahakama ileile kuomba shauri lirejeshwe, ndani ya siku 30, na sababu ya kutosha kwenye hati ya kiapo. Usingizi siyo sababu.

Anko hajakata tamaa. Ananikumbusha uchaguzi wa 1995 Bunda, Wasira akiwa NCCR-Mageuzi alipomshinda Jaji Warioba wa CCM. Warioba akaenda mahakamani, Mahakama Kuu ikatengua matokeo, Wasira akakata rufaa, na Mahakama ya Rufani ikamgomea mwaka 1999. (Siasa simo, nasimulia ya anko.) "Waziri Mkuu mstaafu alifuatilia kesi miaka yote hiyo," anasema, "mimi nishindwe kwa mguu?"

Sasa kasheshe. Wakili tuliyempata anasema mguu uliovunjika ni sababu nzuri, ila hakimu atauliza kwa nini mahakama haikuarifiwa. Anko anajibu haraka: karani ameipoteza barua. Anataka mimi niape kwamba nilimkabidhi mkononi. Yule karani sijawahi hata kumwona. Ana kazi yake, labda na watoto wake. Nikiapa uongo naweza kufungwa. Nikisema kweli, mama atasikia, ukoo mzima utasikia, na sherehe za Butiama nitazisikia kwenye bomba.

Zimebaki siku 11. Kuapa ni Alhamisi. Gazeti hili linafika Butiama Jumatano, na anko huanza na ukurasa huu kabla ya michezo.

Anko, shikamoo. Barua ninayo, iko chini ya godoro, haijafunguliwa. Ile nauli nitarudisha mwisho wa mwezi.