Kwa Ndugu Zangu wa Owino: Hesabuni Mpaka Mwezi wa Mwisho

Waltham, Massachusetts

Mama zangu wa mivumba (nguo za mitumba), kaka zangu wa viatu, shangazi zangu wa mchele na maharage, na nyote mnaotandaza bidhaa pale soko la Owino, Kampala, kabla mtaa wa Nakivubo haujapambazuka: 

Ujumbe wenu nimeupata. Mnasema watu wa benki wamewafikia mezani, wamepitia daftari za mauzo, wameiona hati ya kiwanja cha Matugga, na wako tayari kutoa shilingi milioni 100 za kumalizia nyumba, zilipwe kwa miaka 20. Mnaniomba mambo mawili: nichangie gharama za mwanzo, na niwe tayari kuziba pengo mwezi ambao biashara itakuwa imelala. Nitayajibu yote mawili. Lakini kwanza tukae na hesabu, kwa sababu mmeniandikia kiasi cha kulipa kila mwezi na hamkuniandikia jumla. Belo la mivumba hamlinunui kwa kuuliza nauli ya kulibeba tu. Mnauliza bei yake. Nyumba nayo iulizwe hivyo hivyo.

Riba mliyotajiwa ni asilimia 18 kwa mwaka. Gawanyeni kwa miezi 12, mnapata asilimia moja na nusu kwa mwezi. Juu ya milioni 100, hiyo ni shilingi 1,500,000. Malipo ya mwezi kwa miaka 20 yanakuja kama 1,543,000. Basi mwezi wa kwanza mnapeleka 1,543,000, benki inachukua milioni moja na nusu kama riba, na deni lenyewe linapungua kwa shilingi 43,000 tu. Mwezi wa pili ni karibu hivyo hivyo. Mkiisha kulipa miaka mitano bila kukosa hata mwezi mmoja, mtakuwa mmetoa zaidi ya milioni 92, na mkiuliza salio mtaambiwa bado mnadaiwa karibu milioni 96. Mwaka wa kumi mtakuwa mmetoa milioni 185, na deni litakuwa bado linakaribia milioni 86. Hapo hakuna aliyewaibia. Ndivyo mkopo wa aina hii unavyofanya kazi: riba inakula kwanza, deni linapata makombo, na ni miaka ya mwisho tu ndiyo inayolimaliza.

Jumla ya miaka 20 ni shilingi milioni 370. Mmekopa fedha za nyumba moja, mmelipa za nyumba tatu na zaidi.

Sasa tazameni kinachotokea mkibadilisha miaka. Kwa miaka 15, malipo ya mwezi ni kama 1,610,000, na jumla milioni 290. Kwa miaka 10, ni kama 1,802,000 kwa mwezi, na jumla milioni 216. Kwa miaka mitano, ni 2,539,000 kwa mwezi, na jumla milioni 152. Linganisheni miaka 15 na 20: ile mitano ya nyongeza inawapunguzia shilingi 67,000 tu kwa mwezi, kisha inawaongezea jumla kwa milioni 80. Sababu yake ni moja. Riba ya mwezi wa kwanza ni milioni moja na nusu, na malipo hayawezi kushuka chini yake. Hata mkipewa miaka 100, bado mtalipa milioni moja na nusu na kidogo. Riba ikiwa juu namna hii, muda mrefu hauleti nafuu.

Kuna atakayesema pale sokoni kwamba shilingi ya mwaka wa ishirini haitakuwa na nguvu ya shilingi ya leo, kwa hiyo milioni 370 si nyingi kama zinavyosikika. Ni kweli, na hoja hiyo ni ya mtu mwenye akili. Lakini Benki Kuu ya Uganda inalenga mfumuko wa bei wa asilimia 5, na ninyi mnatozwa 18. Tofauti iliyobaki ni gharama halisi, nanyi mtailipa kwa nguvu zenu.

Jingine ni kwamba hiyo asilimia 18 yenyewe haijafungwa. Someni mkataba: mikopo mingi ya nyumba huko ina kifungu kinachoiruhusu benki kubadilisha riba soko likibadilika. Wazee wa Owino wanaukumbuka mwaka 2011. Benki Kuu ilianza kutangaza riba yake ya msingi mwezi Julai ikiwa asilimia 13. Novemba ilikuwa imefika 23. Benki za biashara zikapandisha za kwao, na Januari 2012 wafanyabiashara wa Kampala wakafunga maduka kulalamikia riba. Sasa fanyeni hesabu yenu: riba ikipanda kutoka 18 hadi 20, riba ya mwezi wa kwanza inakuwa kama 1,667,000. Malipo yenu ya 1,543,000 hayaitoshi hata riba yenyewe. Mnalipa kila mwezi, na deni linakua. Ndipo benki inapowaita kuongeza malipo au kurefusha muda, na kurefusha muda mmeshaona kunakopeleka.

Huku Marekani mtu wa kawaida hupewa mkopo wa nyumba wa miaka 30 wenye riba isiyobadilika hadi mwisho. Mnapoona picha zetu mbele ya nyumba za mbao, jueni nyingi bado ziko rehani, na hata mkopo ukiisha, mji unaendelea kudai kodi ya majengo kila mwaka. Huku pia jumla inatisha: dola 300,000 kwa asilimia 7 kwa miaka 30 zinarudi kama dola 718,000. Ila kuna jambo moja natamani lifike Kampala. Tangu Oktoba 2015, mkopaji wa nyumba hukabidhiwa, siku tatu za kazi kabla ya kukamilisha mkopo, karatasi za mfano mmoja nchi nzima, na ukurasa wa tano unaandika jumla ya yote atakayolipa hadi mwisho. Mtu hutia saini akiwa ameiona namba hiyo. Ninyi nanyi mna haki ya kuuliza: Benki Kuu ilitoa mwaka 2011 miongozo ya kumlinda mteja, inayozitaka benki ziweke gharama wazi. Ombeni ratiba ya marejesho iliyoandikwa mwezi kwa mwezi, kuanzia wa kwanza hadi wa 240. Ofisa akisema haipo, msitie saini.

Juu ya riba kuna gharama za kuingia. Mthamini wa kiwanja analipwa, wakili analipwa, benki inachukua ada ya kuandaa mkopo, na kuna bima ya maisha na ya moto. Ulizeni kama gharama hizo mnazilipa mkononi au zinabandikwa juu ya deni. Zikibandikwa, zitazaa riba miaka yote 20.

Mnaweza kushawishika kuwakimbia watu wa benki na kwenda kwa wakopeshaji wanaozunguka sokoni, kwa kuwa wanasema "asilimia mbili tu kwa mwezi". Ulizeni: asilimia mbili ya nini? Wengi wanaihesabu juu ya mkopo wote wa mwanzo, hata baada ya ninyi kuwa mmesharudisha nusu. Milioni 10 kwa mwaka mmoja kwa mtindo huo inarudi 12,400,000, na ukiipima kama benki inavyopima, juu ya salio linalobaki, ni karibu asilimia 42 kwa mwaka. Wengine wanavutwa na mkopo wa dola kwa sababu riba yake ni ndogo. Ninyi mnauza kwa shilingi. Katikati ya mwaka 2008 dola ilikuwa chini ya shilingi 1,700. Septemba 2011 ilikuwa imepita 2,800. Deni la dola halikuongezeka hata senti, lakini aliyeuza kwa shilingi alilazimika kuuza zaidi ili alipe lile lile.

Hoja yangu kubwa, hata hivyo, ni soko lenyewe. Mkopo wa miaka 20 unadai miezi 240 ya mauzo. Mchukueni mtu aliyekopa mwaka 2005. Februari 2009 Owino iliungua, na watu wakaamka asubuhi wakakuta majivu ya bidhaa walizozikopea. Mwaka 2011 moto ulirudi, na riba ikapanda mwaka huo huo. Mwaka 2013 moto tena. Machi 2020 amri ya korona iliwaacha wauza vyakula tu, wauza nguo wakakaa nyumbani kwa miezi. Na waliopewa na benki ruhusa ya kusimamisha malipo walikuta baadaye kwamba riba haikusimama. Agosti 2023 Rais akatangaza akiwa Mbale kwamba mivumba itapigwa marufuku. Mtu huyo wa 2005 ndiyo kwanza angekuwa anamaliza mwaka 2025. Sisemi msikope. Nasema biashara ya Owino ina nguvu, ila haiwezi kuahidi miezi 240 mfululizo, na hati ya Matugga ndiyo itakayolipia miezi iliyokosekana.

Kwa hiyo sheria nayo ijulikane. Sheria ya Rehani ya mwaka 2009 inakataza nyumba ya ndoa kuwekwa rehani bila ridhaa ya mwenzi. Mama zangu, karatasi ikiletwa, isomwe yote kwa lugha mnayoielewa kabla ya kidole kugusa wino. Mkichelewa kulipa, benki inaweza kuwapa notisi ya siku 45 za kazi mrekebishe. Mkishindwa, notisi ya siku 21 za kazi kabla ya mnada. Notisi hizo msizifiche chini ya godoro. Mwenye kwenda benki siku ya kwanza bado ana la kujadili. Mwenye kwenda siku dalali amekwisha kutangaza hana.

Najua njia yetu ya zamani: matofali mwaka huu, mabati mwaka ujao, chumba kimoja kimoja kwa fedha ya nigiina, yaani mchezo wa kupeana fedha kwa zamu, na ya sako, chama cha akiba na mikopo. Nayo ina gharama, tusijidanganye. Saruji inapanda, matofali yanaharibika kwa mvua, na kodi ya mizigo, vile vyumba vya kupanga vya Bwaise, mnailipa miaka yote mnayosubiri. Lakini inaweza kuunganishwa na mkopo mdogo. Milioni 40 kwa miaka mitano, kwa riba ile ile ya 18, ni kama 1,016,000 kwa mwezi, na jumla milioni 61. Zinaweza kumaliza vyumba viwili na paa, mhame, na kodi iliyokuwa ikienda kwa mwenye mizigo igeuke chumba cha tatu. Malipo yake ni madogo kuliko ya ule mkopo wa miaka 20, na yanaisha kabla watoto wa shule ya msingi hawajamaliza sekondari. Wanaotaka kuepuka riba kwa imani wanayo pia Salaam Bank, benki ya kwanza ya Kiislamu kupewa leseni Uganda, mwaka 2023. Huko benki huweza kununua mali na kuwauzia kwa bei inayotajwa mwanzo. Lakini bei hiyo nayo ilinganisheni na hizi nilizoandika; kujua jumla si sawa na kupata jumla ndogo.

Sasa majibu yangu. Gharama za mwanzo sitachangia. Nikizilipa mimi, mkopo utaonekana rahisi kuingia, na ugumu wake utabaki pale pale. Ombi la kuziba pengo kila biashara inapolala pia silikubali, kwa sababu kazi yangu huku haina ahadi ya miaka 20 kama meza zenu zisivyo nayo, na hati isiwekwe rehani kwa kutegemea mshahara wa mtu mmoja aliye mbali.

Ninachoweza ni hiki. Chaguo langu ni milioni 40 kwa miaka mitano. Lakini kikao cha familia kikiamua milioni 100, basi iwe kwa miaka 10. Tofauti kati ya malipo ya miaka 20 na ya miaka 10 ni shilingi 259,000 kwa mwezi, kama dola 70. Hizo nitazituma mimi kila mwezi kadiri nitakavyokuwa kazini, moja kwa moja kwenye akaunti ya mkopo, zisipite mkononi mwa mtu. Dola hizo 70 zinaiokolea familia milioni 154. Sharti langu ni kwamba benki iandike mambo matatu kwenye mkataba: riba inaweza kubadilika lini na kwa kipimo gani, kwamba ziada ya anayelipa zaidi ya kiasi cha mwezi inapunguza deni lenyewe siku hiyo hiyo, na anayemaliza mapema anatozwa nini.

Nipigieni picha ya ratiba na ya ukurasa wenye vifungu hivyo, mnitumie. Nitavisoma siku ya mapumziko, kisha tuongee wote pamoja, na mama mwenye hati awepo.

Ndugu yenu aliye ughaibuni