Tuwatajie Watoto Majina ya Waigizaji Wao

Nafundisha darasa la awali Nyarugusu, Geita. Asubuhi nyingi watoto huingia darasani wakimwigiza Akili, yule msichana wa katuni za Ubongo anayeishi chini ya Mlima Kilimanjaro. Wanahesabu kama yeye, wanatamka herufi kama yeye, na wengi wao nyumbani husikia Kisukuma tu. Kuna mtu aliyeingia studio akaihangaikia sauti hiyo mpaka mtoto wa mama mponda mawe akaipenda. Jina lake halijulikani na hata mmoja wao. Hilo kwangu ni deni.

Sisi tuliokulia Shinyanga tulikuwa na bahati. Runinga ilianza Tanzania Bara mwaka 1994. Kabla ya hapo tulikuwa na redio. Baba alikuwa akianika betri juu ya bati zipate nguvu kidogo, ili tusikilize Mama na Mwana ya Radio Tanzania Dar es Salaam. Debora Mwenda alisimulia peke yake, lakini chumbani kwetu walijaa watu: sauti ikipanda, mtoto analia, ikikwaruza, zimwi limefika mlangoni. Huo ni uigizaji, tena mgumu, kwa kuwa hakuna uso wala vazi la kumsaidia mwigizaji. Magazeti yetu hujaza kurasa kwa habari za nyota wa filamu. Kwa mtu kama yeye tumekuwa wachoyo wa wino.

Hata hivyo, jina lake tulilijua kwa sababu redio ililitaja. Kwenye runinga majina, yakiwekwa, hupita mwishoni kwa maandishi madogo, mbele ya watazamaji wa miaka mitatu hadi sita ambao hawajui kusoma! Hapa kwetu hata wakubwa hawayaoni. Mwenye banda la video hubadilisha kabla hayajapita, na vipindi vinavyozunguka kwenye memori kadi mara nyingi vimekatwa mwisho.

Ubongo Kids ilianza kuonyeshwa TBC1 mwaka 2014, na kabla yake Kilimani Sesame ilishawafundisha watoto kujikinga na malaria. Waigizaji wa vipindi hivyo wamelea kizazi kizima, nacho hakiwajui.

Wapo watakaosema mtoto anahitaji somo, si jina. Muhula uliopita binti mmoja aliniuliza Akili analala wapi. Nikamwambia yupo mtu anayemsemea, na hiyo ndiyo kazi yake. Akanyamaza kidogo, kisha akauliza, "Mwalimu, na mimi naweza?" Hapo hapo akaanza kumsemea mbuzi wa kwao, kisha akamsemea na mama yake anayemfukuza mbuzi huyo kwenye mihogo.

Watengenezaji wa vipindi, tajeni majina kwa sauti, mwanzoni, kabla mtoto hajaondoka. Sekunde tano zinatosha. Nanyi TBC, kanda za Mama na Mwana, kama bado zipo maktaba, zirudisheni hewani, na jina la Debora Mwenda litajwe kwanza.