Siku 45 na mzee wa Somanda



Wiki jana nilikuwa nyumbani Somanda, pale Bariadi. Nikaingia kwenye duka moja la steshenari kutoa kopi, nikamkuta mzee mmoja ameshika hukumu ndani ya bahasha ya kaki. Anataka achapiwe barua ya kukata rufaa Mahakama Kuu. Nikamsalimia, mwangaluka baba, nikaomba niitazame. Kesi ya shamba. Ameshindwa kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, na muda wa rufaa kwa kesi hizo ni siku 45. Nikahesabu kwenye kalenda ya ukutani. Zilikwisha siku 11 nyuma.

"Mwanangu, siku ile ile nilimwambia karani kwamba mimi sikubali," akanijibu. Kwake yeye, rufaa alishakata!

Mlango haujafungwa kabisa. Anaweza kuomba aongezewe muda, kwa maombi yanayoambatana na hati ya kiapo. Sheria inataka sababu ya kutosha, ila haikuorodhesha ni zipi. Vigezo vimejengwa na majaji. Vinavyonukuliwa sana ni vya kesi ya Lyamuya Construction, Maombi ya Madai Na. 2 ya mwaka 2010, Mahakama ya Rufani: utolee maelezo muda wote uliochelewa, kuchelewa kusiwe kwa kupitiliza, uonyeshe ulikuwa unahangaika na si kwamba ulizembea, na kama kuna sababu nyingine nzito, mfano uamuzi unaoupinga umekiuka sheria waziwazi, uiseme. Kabla ya hapo, kwenye Maombi ya Madai Na. 3 ya mwaka 2007, mahakama hiyo hiyo ilisema hata siku moja ya kuchelewa lazima itolewe maelezo.

Hapo ndipo mzee wangu anapokwama. Siku zake 11 ziliishia kumtafuta mtu wa kumweleza hukumu inasema nini, kisha kuuza choroko apate nauli. Mgonjwa ana karatasi za hospitali. Aliyeomba nakala ya hukumu akacheleweshwa naye ana pa kushika, maana Sheria ya Ukomo wa Muda inaziondoa siku za kusubiri nakala. Asiyejua sheria je? Mahakama zimesema mara nyingi kwamba kutojua sheria si sababu. Na kukosa hela nako, kwa kawaida, si sababu.

Nasema kwa kawaida, kwa sababu kwenye Rufaa ya Madai Na. 1 ya mwaka 2002 Mahakama ya Rufani ilikutana na mjane aliyetegemea msaada wa kisheria. Ikakumbusha kwamba ukata hautoshi kuongezewa muda, halafu ikasema kwa hali ya mama yule hoja hiyo haiwezi kupuuzwa. Kanuni ilibaki pale pale, ila majaji walimtazama mtu aliyesimama mbele yao.

Sisemi tarehe zifutwe. Aliyeshinda naye ana haki ya kulala usingizi. Kama mzee yule ndiye angeshinda, nisingependa mpinzani wake aibuke baada ya miaka mitatu, mahindi yakiwa shambani. Kesi lazima ziwe na mwisho, na wapo wanaochelewesha makusudi ili kumchosha mwenzao.

Hoja yangu ni ndogo. Ukimdai mtu maelezo ya siku moja moja, basi hakikisha alijua siku zimeanza kuhesabiwa. Wakili anajua. Mzee wa Somanda anaondoka na maneno kwamba haki ya rufaa ipo. Kwa nini ukurasa wa mwisho wa kila hukumu usiandikwe tarehe yenyewe? Siku ya mwisho ya kukata rufaa ni tarehe fulani, peleka mahakama fulani, kwa maandishi. Mwaka 2021 Bunge lilipitisha sheria kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama, kwa hiyo lugha si kikwazo. Hata chupa ya dawa ya kikohozi ina tarehe ya mwisho! Mstari huo ukiwepo, mahakama iwe kali itakavyo. Usipokuwepo, basi kukosekana kwake kupimwe kama sababu.

Wewe unayesoma hapa ukiwa Dar au Mwanza, huenda una baba mdogo au shangazi mwenye kesi kijijini. Mpigie leo, muulize hukumu ilitoka tarehe ngapi. Mwambie atunze tiketi za basi, kadi za hospitali na risiti, maana ndizo zitakazomsemea.

Mzee tuliachana akielekea kwa watoa msaada wa kisheria, bahasha mkononi. Ilikuwa siku ya 11. Kesho yake ingekuwa ya 12, nayo ingedaiwa maelezo.