Eti "Kitabu cha Picha Tu"

Hilo neno "tu" linanikera. Mhariri mmoja aliwahi kunirudishia uhakiki wa kitabu cha picha, eti kurasa za fasihi ni za fasihi.

Haya, tumchukue John Kilaka, Mtanzania anayeandika na kuchora mwenyewe, kwa mtindo uliotokana na Tingatinga. Katika kitabu chake kilichotoka kwa Kiingereza mwaka 2006 kama True Friends, Tembo anamshawishi rafiki yake Panya akiba yake ya chakula ikae kwake. Ukame unapoingia, anamnyima. Urafiki, njaa, dhuluma ya mwenye nguvu: riwaya ikiwa na hayo tunaiitia kongamano. Hapa mtoto asiyejua a wala be anaisoma dhuluma hiyo kwa macho.

Kilaka anasomwa kwa Kijerumani, anasomwa kwa Kiingereza. Sisi wahakiki wa Kiswahili tuko wapi? Tusipovichambua vitabu hivi kwa ukali uleule wa riwaya, watoto wetu watachapishiwa chochote, na mzazi atanunua kwa kuangalia jalada. Halafu tutalalamika kwamba vijana hawasomi. Wasome nini, na nani kawaambia kipi kizuri?