Nani Aliyefunga Lango? Majumba ya Wakati na Uvivu wa Neno "Uhalisiajabu"

Tangu Euphrase Kezilahabi achapishe Nagona (1990) na Mzingile (1991), umezuka katika uhakiki wa Kiswahili mtindo wa kuyamaliza kwa neno moja majengo yote ya kifantasia ambamo wakati hauendi kama uendavyo nje. Mhakiki hukutana na jumba ambamo karne zimelala, au na mji ambao wakazi wake wameganda, au na njia zinazorudi zilikotoka. Huandika "uhalisiajabu", huwataja Gabriel García Márquez na Jorge Luis Borges, na mjadala ukafungwa. Wanafunzi nao wameelewa kwamba neno hilo latosha kujibia swali la mtihani. Likitumiwa hivyo, neno hili linapotosha mambo mawili: nasaba ya jengo la aina hii katika fasihi ya Kiswahili na, lililo baya zaidi, kazi ambayo jengo lenyewe linafanya.

Kuhusu nasaba, maneno machache yatosha. Ni kweli kwamba Borges, katika hadithi yake ya mwaka 1941 kuhusu bustani ya njia zinazogawanyika, alibuni mzingile uliojengwa kwa wakati badala ya mawe, na ile ni hadithi kubwa. Lakini mwambao wa Afrika Mashariki ulikuwa na habari za Iram yenye nguzo, mji ambao Shaddad bin Aad anasimuliwa kuujenga ili ashindane na Pepo, na ulikuwa ukisimuliana visa vya Alfu Lela Ulela muda mrefu kabla ya Amerika ya Kusini kuwa na jina katika mihadhara yetu. Shaaban Robert aliuingiza mji wa watu waliogeuka mawe katika Adili na Nduguze (1952), miaka 15 kabla ya riwaya mashuhuri ya Márquez kutoka. Shaaban Robert naye alikopa, tena waziwazi, kutoka katika visa hivyohivyo. Kukopa si aibu. Aibu ni kumtaja mkopeshaji asiyehusika.

Lililo zito ni kazi ya jengo. Na ichukuliwe mfano ile hadithi ya Mji wa Shaba katika Alfu Lela Ulela. Musa bin Nusair anatumwa kwa amri ya Khalifa Abdul Malik bin Marwan kutafuta vyombo ambamo Nabii Suleiman alifungia majini, na njiani msafara unaufikia mji wenye kuta ndefu zisizoonyesha mlango. Wanaopanda ukutani kuchungulia wanawaona wanawali wazuri wakiwaita, wanafurahi, wanajirusha, na wanakufa. Ndani, wafanyabiashara wameketi madukani mwao wakiwa maiti na hariri zao zimewazunguka. Malkia amelala juu ya kitanda cha enzi, na machoni mwake mmetiwa zebaki ili yang'ae mithili ya macho ya mtu anayetazama. Kibao kilichowekwa hapo kinaeleza kisa chote: mvua ilikatika miaka saba, wakatoa mali yao yote kununua chakula, wakataka kubadilisha lulu kwa nafaka uzito kwa uzito, na hawakupata, ndipo wakafunga malango wakakaa ndani. Talib bin Sahl, mmoja wa wasafiri, anaponyosha mkono kuchukua vito vya malkia, sanamu mbili za walinzi zinamuua papo hapo.

Msomaji atazame jinsi wakati ulivyozuiwa hapa. Lango lilifungwa, hazina ikabaki, na waliokuwemo wakafa njaa juu ya lulu. Jumba limeweza kuhifadhi kila kitu isipokuwa uhai, na hata walinzi wake wanaendelea kumtumikia maiti. Hii ni kesi dhidi ya mamlaka yanayotaka leo yao iwe ya milele, na ushahidi wake umeandikwa kibaoni. Mhakiki anayepita hapo akaandika "ajabu" tu amefanya kama waliopanda ukutani: ameona uzuri, amejirusha.

Shtaka hilohilo lilisomwa Pate kwa njia iliyo kinyume. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, alipotunga Al-Inkishafi mwanzoni mwa karne ya 19, hakuhitaji jini wala uchawi. Aliweka nyakati mbili ndani ya chumba kimoja: taa na vyombo vya kaure vya matajiri, kisha popo na ndege katika kuta zilezile. Katika Mji wa Shaba wakati umefungiwa nje. Pate umevunja mlango ukaingia. Hukumu inamwangukia mwenye nyumba yuleyule.

Watetezi wa "uhalisiajabu" watasema kwamba huku ni kuisomea siasa fantasia isiyo na siasa. Basi waende Unguja. Mwaka 1883 Sultani Barghash alijenga jumba la sherehe ambalo jina lake lenyewe, Beit al-Ajaib, linadai mastaajabu. Likawa na umeme na lifti. Tarehe 27 Agosti 1896 mizinga ya Waingereza ilipiga kwa muda usiofika saa moja, na mnara wa saa uliokuwa mbele ya jumba ukaangamia. Mwaka 1897 mnara mwingine ulibandikwa kwenye uso wa jumba lenyewe, na ni mwaka huohuo ambapo utumwa ulifutwa kisheria Unguja. Kwa maneno mengine, kwa miaka 14 ya kwanza ajabu ile ilisimama katika mji ambamo sheria ilimruhusu mtu kumiliki siku nzima ya mwenzake. Tarehe 25 Desemba 2020 sehemu kubwa ya jumba iliporomoka na watu 2 wakafariki. Anayeona mnara wa saa wa kasri kuwa pambo tu hajajiuliza ni nani aliyetakiwa kuutii.

Kezilahabi alisoma falsafa ya Ulaya, na hakuna haja ya kulificha hilo. Lakini msafiri wake hakai mjini kustaajabu. Anatembea, anauliza, anahangaika katikati ya waliokwisha kunyamaza, na ile ngoma kuu ya Nagona haina mwenyewe anayeihifadhi kwa kufuli. Kuiita riwaya hiyo tawi la mtindo wa ng'ambo ni kumpokonya msafiri huyo maswali yake.

Kwa hiyo lile swali linalorudi kila mwaka katika karatasi za mtihani, la kujadili sifa za uhalisiajabu katika riwaya teule, lingefaa kuandikwa upya: jumba hili lilijengwa kwa amri ya nani, nani alifunga lango, na waliobaki nje walikuwa wakihesabu siku kwa kitu gani?