Haki Haichagui Wimbo

Mimi si mpenzi wa muziki wa roki, na kelele za bendi ya Plastic People of the Universe hazinipendezi hata kidogo. Lakini kisa chake chafaa kutafakariwa.

Milan Hlavsa aliiunda mjini Prague mwaka 1968, wiki chache baada ya majeshi ya Urusi na washirika wake kuivamia Chekoslovakia. Mwaka 1970 serikali iliinyang'anya kibali cha kupiga muziki kwa malipo. Vijana hao wakawa wakipiga kwa siri, mashambani na harusini.

Machi 1976 walikamatwa pamoja na wenzao. Septemba watu wanne walifungwa kwa kosa la uhuni. Ivan Jirous, msimamizi wa bendi, alipewa miezi 18. Kati ya wanne hao alikuwamo Svatopluk Karásek, kasisi aliyekwisha kunyimwa ruhusa ya kuhubiri.

Hapo ndipo penye fundisho. Mkono uliomziba mwanamuziki mdomo ndio uliomteremsha kasisi mimbarini. Waandishi na wanafalsafa, miongoni mwao Václav Havel, walilitambua hilo, na Januari 1977 wakatoa Mkataba wa 77 kudai haki za raia. Desemba 1989 Havel akawa rais.

Dini yetu yatuamuru tuwe waadilifu hata kwa tunaowachukia. Basi anayengoja afungwe ampendaye ndipo aseme, atakuja kusema wakati hakuna tena wa kumsikiliza.