Jicho la Pinter, sifa za wengine

Filamu ikishinda tuzo, magazeti humtaja mwongozaji na mwigizaji mkuu, basi. Aliyeshika kamera huachwa kwenye orodha ya mwisho, inayopita watu wakiwa wameshainuka vitini. Huo ni uhakiki wa nusu kazi, na shahidi wangu ni Tomislav Pinter, mpigapicha wa filamu wa Kroatia, mzaliwa wa Zagreb, aliyeishi kuanzia 1926 hadi 2009. Nchi yake ilikuwa bado ndani ya Yugoslavia alipojipatia jina, na waongozaji wa Zagreb na wa Belgrade walimgombania.

Chukua miaka miwili tu. Mwaka 1966 alipiga Rondo ya Zvonimir Berković, filamu ya nyeusi na nyeupe inayokaa karibu muda wote ndani ya fleti moja. Kila Jumapili jaji mpweke huja kucheza sataranji na mchongaji sanamu, na taratibu moyo wake unamwelekea mke wa mwenyeji. Meza ni ileile, kete ni zilezile. Mabadiliko yote inabidi yaonekane usoni na katika umbali kati ya mtu na mtu. Mwaka uliofuata ikatoka Skupljači perja ya Aleksandar Petrović, hadithi ya Waroma wanaochuuza manyoya ya bata bukini kwenye tambarare zenye matope za Vojvodina, safari hii kwa rangi. Bora, mhusika mkuu, yuko juu ya lori. Anayaachia manyoya, nayo yanapeperuka barabarani nyuma yake. Kupiga kitu cheupe namna ile ni mtihani: mwanga ukizidi, weupe unageuka doa tupu, ukipungua, uso wa mtu unazama gizani. Baadaye watu wawili wanapigana kwa visu katikati ya manyoya kama hayo. Mwandishi wa muswada anaweza kuandika pigano hilo kwa mstari mmoja, lakini ni kamera inayoamua mwili umezwe na weupe kiasi gani.

Wapo watakaosema mpigapicha hutii tu, mwenye maono ni mwongozaji. Kweli, mwenye nyumba ndiye anayeagiza, ila ukuta ukisimama wima tunamsifu mwashi. Na tazama walioagiza: Petrović, Berković, Vatroslav Mimica, Orson Welles katika The Merchant of Venice, kisha Dušan Makavejev katika Montenegro ya 1981. Hawafanani hata kidogo, na wote walimwita mtu yuleyule. Pingamizi zito zaidi ni kwamba Pinter hana mkono unaotambulika, kwa kuwa filamu zake hazifanani. Hilo nalikubali, ila silioni kuwa kasoro. Mpigapicha wa mtindo mmoja angeipaka Rondo matope, au angewaosha wachuuzi wa Vojvodina wakang'aa kama sebule ya mchongaji.

Skupljači perja ilipata Tuzo Kuu Maalumu ya majaji huko Cannes mwaka 1967, kisha ikateuliwa kuwania Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni, kama ilivyoteuliwa mwaka mmoja kabla yake Tri, ya Petrović na Pinter pia. Uteuzi huo uliandikwa kwa jina la nchi. Wahariri wa kurasa za sinema, mnapomtaja mwongozaji, ongezeni jina moja tu.